Stelingi hafi, sasa yule anayekufa kila siku ni nani?

Wiki hii sanduku la maswali limejaa samurai. Sijui nani kawaambia mfukue muvi za zamani za Kijapani wote kwa mpigo, ila mi nimefurahi sana maana hii ndo mada ambayo hapa nyumbani nikianza tu kuifungua mdomo watu wanakumbuka wana kazi jikoni. Haya tuanze.

SWALI: Anko shikamoo. Mimi na kaka yangu tuna wiki mbili sasa tunaangalia tamthilia na muvi za samurai za miaka ya 70 na 80. Kuna jamaa mmoja mwembamba, mashavu yameingia ndani, macho makali, kila tukiweka muvi yumo na kila akitokea anakatwa upanga anakufa. Leo anakufa jambazi, kesho anakufa mlinzi wa tajiri, keshokutwa tena. Kaka anasema ni watu tofauti wanafanana, mi nasema ni mtu mmoja. Tumewekeana dau. Ni nani? – Kitinda mimba

Marahaba mwanangu, mwambie kaka yako atoe hela. Kwa maelezo hayo huyo ni Seizo Fukumoto, na hujakosea hata kidogo, ni mtu mmoja na hiyo ndo ilikuwa kazi yake, kufa. Wajapani wana jina la kazi hiyo, wanaita kirareyaku, yaani muigizaji wa kukatwa. Hesabu inayotajwa kila anapozungumziwa ni kwamba amekufa kwenye skrini mara 50,000, na hata ukisema wameongeza chumvi ukaigawa kwa mbili bado ni maiti nyingi kuliko wewe na kaka yako mtakavyoweza kuhesabu.

Alizaliwa mwaka 1943 mkoa wa Hyogo, na mwaka 1958 akiwa na miaka 15 tu akaingia studio ya Toei kule Kyoto, eneo linaitwa Uzumasa. Shika huo mwaka maana una maana yake. 1958 ndo mwaka ambao Wajapani walikata tiketi nyingi za sinema kuliko mwaka wowote mwingine, zaidi ya bilioni 1.1 kwa mwaka mmoja, televisheni bado haijawaharibia biashara, na Toei walikuwa wanafyatua muvi za enzi za samurai kama mkate, maana majumba yao yalitaka picha mpya mbili mbili wiki baada ya wiki. Sasa fikiria, kila picha stelingi lazima mwishoni afyeke watu ishirini thelathini. Hao watu wanatoka wapi? Wanatoka kwenye chumba kimoja kikubwa.

Hicho chumba si mafumbo, kilikuwepo kweli, wanakiita obeya, chumba kikubwa. Mastaa wana vyumba vyao na watu wa kuwavalisha, nyie wengine wote mnarundikana humo mnavaa mawigi yenu, mnapaka vumbi usoni, mnasubiri kuitwa. Mtu wa obeya asubuhi anaweza kuwa mpita njia sokoni, mchana akawa maiti imelala mtoni, jioni akahamishiwa picha nyingine kabisa akauawe na staa mwingine. Na kuna kamchezo ka zamani ambako ukikajua hutaangalia hizi picha kama mwanzo: jamaa akikatwa anaanguka nje ya kamera, anajiburuza pembeni, anazunguka, anarudi upande wa pili na upanga wake anakatwa tena. Sini moja kafa mara mbili. Kwa hiyo kaka yako alipoona "watu wanaofanana" huenda hata hakudanganywa na macho, sini ile ile palikuwa na maiti mbili na mtu mmoja.

Sasa Fukumoto alikuwa na shida moja ambayo kila mtu wa obeya anayo. Ukikatwa ukaanguka kifudifudi, basi, umeisha, mtazamaji kaona kisogo. Yeye akaanza kufa kinyumenyume. Akikatwa anasimama kidogo kama haamini, alaf mgongo unapinda kurudi nyuma, unapinda, unapinda, mpaka kichwa kinaning'inia na uso umegeuka juu chini unaangalia kamera, ndo anadondoka chali. Wanaita ebizori, kupinda kama kamba, namaanisha kamba wa baharini yule wa kuliwa. Ni ujanja wa mtu mwenye njaa ya kuonekana japo sekunde mbili, mi sioni aibu kuusema hivo, lakini hapohapo ni zawadi kwa stelingi maana pigo linaonekana limetua kwelikweli. Jaribu kufanya hiyo kitu sebuleni kwenu. Usijaribu bwana, natania, utavunjika shingo.

Watu wakaanza kumjua bila kulijua jina lake, kama nyie tu. Alaf mwaka 2003 ikatoka The Last Samurai ya Tom Cruise, na yule mzee wa kimya anayemfuata Cruise kila aendako kijijini, ambaye Cruise anambatiza "Bob" kwa sababu haongei, ndo yeye. Picha nzima hasemi kitu, mpaka vitani anapojirusha mbele ya risasi amwokoe Cruise, ndo anamwita kwa jina mara moja. Na anakufa, kwani ulitegemea nini. Alikuwa na miaka 60 wakati huo.

Mwaka 2014 akiwa na miaka 71 ndo akapata ustelingi wake wa kwanza maishani, kwenye Uzumasa Limelight, picha ya mzee wa kukatwa upanga ambaye studio haina tena kazi ya kumpa. Yaani alicheza maisha yake. Tamasha la Fantasia kule Montreal, Kanada, likampa tuzo ya muigizaji bora. Alifariki tarehe 1 Januari 2021, siku yenyewe ya mwaka mpya, akiwa na miaka 77. Hicho ndo kifo kimoja ambacho hakurudi upande wa pili wa kamera.

SWALI: Kwako mjibu maswali. Mimi huwa nacheka sana, maadui kumi na tano wamemzunguka mtu mmoja alaf wanamfuata mmoja mmoja kwa foleni kama wanasubiri dawa. Kwa nini wasimvamie wote wakamaliza kazi? Waigizaji hawaoni kwamba ni ujinga? – Mwenye haraka

Ndugu yangu mwenye haraka, wangemvamia wote picha ingeisha dakika ya tano na ungedai hela yako.

Ila swali zuri, tena ni swali la ufundi. Yale mapigano yana jina lake, tate, na yana mtu anayeyapanga hatua kwa hatua anaitwa tateshi. Katikati anasimama shin, kiini, ndo stelingi. Wanaomzunguka ni karami, maana yake ni kama wanaomsokota, wanaojizungusha kwake, kama mmea unavyotambaa kwenye mti. Wewe unaona foleni, wao wanaona muziki. Mizizi yake iko kwenye kabuki, tamthilia ya jukwaani, ambako hakuna aliyetegemea vita vifanane na vita, vilitakiwa vipendeze.

Na hapa ndo watu wengi wanakosea, wanadhani kazi ngumu ni ya yule wa katikati. Hapana aisee. Upanga wa stelingi haumgusi mtu. Unapita hewani mbele ya tumbo lako, wewe unayekatwa ndo unaufanya uwe umekukata, kwa bega, kwa goti, kwa pumzi. Stelingi akiwa mzito au mzee au amelewa umaarufu hajafanya mazoezi, karami ndo wanamfanya aonekane mwepesi: anachelewa nusu sekunde, na wewe unachelewa nusu sekunde, akisahau hatua akageukia kushoto badala ya kulia basi wa kushoto anatakiwa afe palepale hata kama zamu yake haijafika. Wakati huohuo wewe mwenyewe upanga wako usimguse hata wigi, maana staa akijeruhiwa kazi ya watu wote inasimama, wewe ukijeruhiwa unafungwa bandeji. Ukifa vibaya, aliyekuua naye anaonekana hajui kuua. Kwa hiyo tofauti ya picha nzuri na picha ya kuchekesha mara nyingi iko kwa hao kumi na tano unaowacheka.

Toei wana kikundi cha mafundi wa upanga, Toei Kenkai, kimeanzishwa 1952, Fukumoto alikuwa humo. Hao si watu waliookotwa barabarani wakajaze sini, hao ni watu waliofanya mazoezi miaka na miaka ya kuanguka kwenye changarawe, kwenye ngazi, kwenye maji ya baridi, wakainuka na ile sura ya hakuna kitu.

Mambo yalibadilika kidogo mwaka 1961 na 1962 na picha mbili za mwongozaji Akira Kurosawa, Yojimbo na Sanjuro. Kabla ya hapo upanga ulipita kimyakimya na mtu alikufa mkavu, safi. Yojimbo ikaja na sauti ya upanga ukiingia nyamani. Sanjuro mwishoni wanasimama watu wawili, Toshiro Mifune na Tatsuya Nakadai, wanaangaliana mpaka unachoka, pigo moja tu, damu inaruka kama bomba limepasuka. Baada ya hapo watazamaji wakataka damu na sauti kila mahali, na kufa kwa madaha ya kabuki peke yake hakukutosha tena.

SWALI: Zile panga ni za kweli? – Mdogo wa darasani

Hapana, mdogo wangu. Za kupigania nyingi ni mianzi iliyochongwa ikabandikwa karatasi ya fedha, zinaitwa takemitsu. Ni nyepesi, ukiishika tu unajua. Kwa hiyo muigizaji ana kazi nyingine hapo, kuifanya ionekane nzito. Hata hivyo ncha ya mwanzi jichoni bado ni ncha jichoni, usidhani ni michezo.

SWALI: Kaka, mimi ni muigizaji, miaka tisa sasa. Napewa mlinzi wa geti, dereva, shemeji wa sini moja. Umri unaenda. Nimesoma mahali kwamba Japani kuna waliotoka chini kabisa wakafika. Ni kweli au ni zile hadithi za kupeana moyo? – Shemeji wa sini moja

Kaka pole, na jina ulilojipa nimelipenda. Wapo waliofika, ila sikupi hadithi ya kupeana moyo maana kwa kila mmoja aliyefika chumba kikubwa kilibaki kimejaa, na majina yao hayaandikwi hata mwisho wa picha.

Wa kumwangalia kwanza ni Takuzo Kawatani. Kazaliwa 1941 Manchuria, kaskazini mashariki mwa China, akaja kuangukia humohumo kwenye obeya ya Toei Kyoto, na huyu anatajwa kama mtu aliyeuawa mara 3,000. Sura yake haikuwa ya ustaa hata kwa kulazimisha, mfupi, uso kama mtu aliyeamshwa usingizini. Kilichomwokoa si bahati ya tuzo wala nini, ni biashara kuharibika. Kuanzia miaka ya 60 muvi za samurai ziliacha kuuza, Toei wakageukia muvi za majambazi wa yakuza, na mwaka 1973 mwongozaji Kinji Fukasaku akaanza zile picha zake za Battles Without Honor and Humanity, picha chafu za kamera inayotikisika, ambazo hazikutaka watu wazuri waliosimama wima, zilitaka nyuso za watu walioonja shida. Nyuso hizo zilikuwa wapi? Chumbani, zimekaa miaka kumi na kitu zinasubiri. Kawatani akajitupa humo kama hana mifupa, kwenye picha ya pili ya mfululizo ule kuna sini anaburutwa majini na boti na ukiiangalia unajiuliza huyu mtu mkewe alijua anachofanya kazini?

Mwaka 1975 yeye na wenzake wa obeya wakajiita Kikosi cha Piranha, wale samaki wadogo wenye meno. Jina lenyewe linakwambia walivyojiona. Watu wakawapenda, magazeti yakawafuata, Kawatani akafika kupewa ustelingi, na Wajapani wa rika fulani wanamkumbuka zaidi kwenye matangazo ya tambi za Donbei kuliko kwenye picha yoyote. Akafariki 1995, miaka 54 tu.

Njia nyingine kabisa ni ya Takashi Shimura. Huyu hakuwa mtu wa kukatwakatwa, alikuwa wa pembeni kwa maana ya Kijapani ya waki, upande, neno linalotumika pia kwenye tamthilia za noh kwa yule anayekaa ubavuni ili mkuu aonekane. Kazaliwa 1905, miaka ya 30 alikuwa anacheza nafasi za pembeni kwenye picha za enzi za kale huko Kyoto, na alipokutana na Kurosawa mwaka 1943 tayari ni mtu mzima. Akacheza kwenye picha 21 kati ya 30 za Kurosawa. Mwaka 1954 peke yake alikuwa kiongozi wa wale samurai saba wa Seven Samurai NA profesa wa Godzilla, picha mbili ambazo dunia haijaacha kuziiga mpaka leo. Na bado ukiuliza mtu staa wa Seven Samurai ni nani atakwambia Mifune. Nadhani Shimura alilala usingizi mzuri tu.

Humohumo kwenye Seven Samurai kuna Seiji Miyaguchi, yule samurai mkimya anayeua kwa pigo moja, fundi kuliko wote. Alikuwa mtu wa jukwaani kutoka kundi la Bungakuza na hakuwahi kushika upanga kabla ya picha hiyo. Tena kuna Kamatari Fujiwara, mkulima mwenye hofu juu ya binti yake. Miaka minne baadaye yeye na Minoru Chiaki wakacheza wakulima wawili wagomvi waoga kwenye The Hidden Fortress, na George Lucas amekiri mwenyewe kwamba wale wawili ndo walimpa wazo la roboti wawili wa Star Wars. Wazee wawili wa pembeni wanabishana jangwani kwa ajili ya dhahabu, leo watoto wanalala na midoli yao.

Sasa wewe kaka swali lako la kweli ni kama uache. Hilo mi sikujibu, sijui kodi yako wala watoto wako. Ninachokuuliza ni kimoja, ukiwa mlinzi wa geti lile geti linaonekana kuna mtu analilinda? Kama jibu ni ndio basi kazi unaijua, kinachobaki hakiko mikononi mwako. Kawatani alikuwa vilevile kabla na baada ya 1973, ni picha zilizobadilika.

SWALI: Anko, hii kazi ya kukatwa bado ipo kweli? Na kuna wanawake? Binti yangu ana miaka kumi na nne anajifunza upanga na hataki kusikia kitu kingine. – Mama Msumbufu

Dada, ipo lakini imekonda. Tamthilia za samurai za kila wiki kwenye televisheni ndo zilikuwa ugali wa Uzumasa baada ya sinema kudorora, na moja baada ya nyingine zikazimwa. Mito Komon ilianza 1969, kituo cha TBS wakaifunga 2011, miaka arobaini na mbili. Ilipoondoka, kuna watu walikuwa hawajui kazi nyingine zaidi ya kuanguka. Wengine wakabaki wakipigana mbele ya watalii kwenye bustani ya studio, Eigamura, iliyofunguliwa 1975 hapohapo Toei.

Kwa binti mwonyeshe Chihiro Yamamoto. Alikuwa bingwa wa wushu, sanaa ya mapigano ya Kichina, kabla ya kuwa muigizaji, na kwenye Uzumasa Limelight ndo msichana anayefundishwa upanga na mzee Fukumoto. Mwaka 2022 alikuwa muuaji kwenye tamthilia kubwa ya mwaka ya NHK, televisheni ya taifa ya Japani. Anaua, sio anauawa, mwambie binti afurahi.

Na upepo umegeuka kidogo. Tamthilia ya Shogun ya 2024 imebeba Emmy 18, tuzo za televisheni za Marekani, kwa mwaka mmoja, ingawa ilirekodiwa Kanada, na stelingi wake Hiroyuki Sanada alipopanda jukwaani aliwashukuru kwa Kijapani wote waliobeba picha za samurai kabla yake. Ila mi iliyonigusa ni ndogo. Jun'ichi Yasuda, mwongozaji ambaye pia ni mkulima wa mpunga, alitengeneza A Samurai in Time kwa yeni milioni 26 hivi, watu wachache mpaka muigizaji anayecheza msaidizi wa mwongozaji alikuwa msaidizi wa mwongozaji kwelikweli. Samurai wa enzi za kale kutoka eneo la Aizu anapigwa na radi anazinduka kwenye studio ya Kyoto ya siku hizi, na kazi pekee anayoiweza ni ya kukatwa upanga. Ilianza Agosti 2024 kwenye jumba moja tu la sinema Tokyo, ikasambaa mpaka majumba zaidi ya 300, na Machi 2025 ikachukua picha bora ya mwaka kwenye tuzo za Japan Academy.

Humo ndani kuna mzee mpangaji wa mapigano anayemfundisha samurai namna ya kufa. Nafasi hiyo iliandikwa kwa ajili ya Fukumoto, akafariki kabla kamera haijawashwa. Kaicheza Rantaro Mine, naye mtu wa upanga wa hapohapo Kyoto. Kitinda mimba, dau ukishalipwa anzia na hiyo.